Ameshatimiza 18, wazazi wanaweza kumfungia ndani?

SWALI: Shikamoo wakili. Mchumba wangu ana miaka 19. Waliposikia tunataka kuoana wazazi wake wakamchukua wakampeleka kwa mjomba wake, simu wamemnyang'anya, chuo haendi tena. Nilienda hapo nikaambiwa nikirudi naitiwa polisi kwamba nimeteka mtoto wa watu. Jamaa yangu anasema kuna kesi ya kumtoa mtu alikofungiwa, ni kweli? Na mimi naweza kuifungua wakati hata ndoa hatujafunga?

JIBU: Marahaba kijana. Ipo, inaitwa habeas corpus, unapeleka ombi mahakama kuu, jaji akiona lina uzito anamwamuru anayemshikilia huyo mtu amlete mbele yake na aeleze anamshikilia kwa sheria gani. Wengi wanadhani ni ya waliokamatwa na polisi tu, wapi bana, mwaka 1772 kule Uingereza jaji Mansfield alimwachia huru James Somerset, mtumwa aliyekuwa kafungwa minyororo melini asafirishwe Jamaica, na aliyemfunga hakuwa serikali, alikuwa mtu binafsi tu. Kwahiyo na nyumba ya mjomba inahusika.

Kufungua unaweza, ndoa sio lazima, manake aliyefungiwa hawezi kutoka kwenda kusaini karatasi, ndo maana sheria inaruhusu mtu mwingine amsemee, we apa tu kwenye kiapo chako unamjuaje, yuko wapi na umejuaje kwamba hayupo pale kwa hiari yake.

Sasa hapo kwenye hiari ndo kesi yote ilipo. Nchi nyingi mtu akifika 18 ni mtu mzima, na jaji hamuulizi baba anampenda mwanae kiasi gani wala wewe una kazi gani, anamuuliza binti mwenyewe unataka kwenda wapi, na jaji makini atamtoa kwanza kwenye macho ya wazazi amsikilize pembeni.

Ila majaji nao hupotoka. Kuna ile kesi ya Kerala, India, baba ndo alipeleka ombi la habeas corpus akidai binti yake aliyebadili dini amerubuniwa, na mwaka 2017 mahakama kuu ya pale ikaifuta ndoa ya binti wa miaka 24 ikamrudisha kwa wazazi, yaani ombi la kumfungulia mtu likatumika kumfungia! Akakaa huko miezi mpaka Novemba Mahakama ya Juu ilipomwita, wakamuuliza ndoto zake akasema anataka uhuru wake, wakamruhusu arudi chuoni amalizie masomo ya tiba. Machi 2018 ndoa ikarudishwa, majaji wakisema mtu mzima kuchagua wa kuoana naye ni haki yake na habeas corpus haikuwekwa kwa ajili ya kuvunja ndoa za watu.

Kitu kimoja cha kesi ile nataka ukisome mara mbili. Alipoomba mumewe awe mlezi wake, majaji walikataa, wakasema mume sio mlezi wa mke. Nakwambia hivi kwasababu swali lako lina harufu ya kutaka *kurudishiwa* mchumba, na mahakama hairudishii mtu yeyote mtu mzima. Akisimama pale akasema nataka kubaki kwa mjomba, na jaji akaridhika hajatishwa, ombi linaishia hapo hapo na wewe unaenda zako.

Kuhusu kutishiwa polisi, usirudi kule peke yako kugombana. Tafuta kopi ya cheti chake cha kuzaliwa au kitambulisho, manake ubishi wa kwanza utakuwa umri, na zile meseji alizokutumia kabla hajanyang'anywa simu usifute hata moja, na zile za kugombana pia, wakili wako atataka kuziona zote.