Kwa nini ndege ya kivita ya Wajerumani iliruka na injini ya Waingereza?

SWALI: Mhandisi, nimesoma kwamba Arado Ar 67, ndege ya kivita ya mabawa mawili, moja juu ya jingine, iliyoundwa Ujerumani mwaka 1933, ilifungwa injini ya Rolls-Royce. Inakuwaje nchi yenye watengenezaji wa injini kama BMW na Junkers itumie injini ya Waingereza? Na kwa nini iliundwa moja tu?

JIBU: Ndugu msomaji, injini Wajerumani walikuwa nazo. Walichokosa ni injini iliyobuniwa kwa ajili ya kupigana angani.

Mkataba wa Versailles wa 1919 uliwanyima jeshi la anga, kwa hiyo mafundi wao wa injini waliishi kwa kazi za kiraia. Tegemeo lao kubwa lilikuwa BMW VI, injini ya silinda 12 iliyopatikana kwa kuunganisha safu mbili za injini ya zamani ya silinda sita kwa umbo la V. Ni injini ninayoiheshimu sana, maana iliyabeba maboti ya kuruka ya Dornier Wal juu ya bahari. Lakini ujazo wake ni lita 46.9, na haina supachaja.

Hapo ndipo penye kiini cha swali lako. Ukipanda hadi mita 5,500 hivi, presha ya hewa inabaki nusu ya ile ya usawa wa bahari. Injini inayovuta hewa kwa pumzi yake tu hupoteza nguvu kadiri ndege inavyopanda, na rubani wa kivita anapigana hukohuko juu. Supachaja ni feni inayozungushwa na injini yenyewe ili kuishindilia hewa ndani ya silinda. Kestrel VI, ile injini ya Rolls-Royce iliyofungwa kwenye Ar 67, ilikuwa nayo. Silinda zake sita za kila upande zilikaa ndani ya bloku moja ya kusubu, na ujazo wake wote ulikuwa lita 21 na kidogo, chini ya nusu ya BMW VI. Waingereza wenyewe waliitumia baadaye katika ndege yao ya kivita ya Hawker Fury II.

Injini ndogo ina faida zaidi kwa ndege ya mabawa mawili. Ndege hiyo tayari inaburuza nguzo na nyaya za kushikilia mabawa yake, na waya wa mviringo huzuia hewa kuliko unene wake unavyoonyesha: nguzo iliyochongwa umbo la tone la maji inaweza kuwa nene mara kumi na bado ikazuia hewa kwa kiasi kilekile. Ukiongeza na pua pana ya injini kubwa, kasi unaipoteza bure.

Kuhusu kuundwa moja tu: Arado walikuwa wakibuni Ar 68 wakati huohuo, na hiyo ndiyo iliyochaguliwa. Ikaruka 1934 kwa BMW VI ileile kubwa. Kwa maoni yangu ilikuwa lazima, kwani nchi inayojenga jeshi kwa siri haiwezi kutegemea injini ya nchi ambayo huenda ikapigana nayo kesho. Toleo la Ar 68E ndilo lililopata Jumo 210, injini ya Kijerumani ya lita 19.7 yenye supachaja.

Jumo hiyo ilichelewa kiasi kwamba mwaka 1935, ndege ya kivita ya Kijerumani Messerschmitt Bf 109 ya kwanza kabisa nayo iliruka kwa Kestrel.