Wasomaji Wauliza: Kaa Koko Halisi ni Yupi?

Safu hii hujibu maswali ya wasomaji wa pwani kuhusu viumbe na majina yao. Mara hii barua zimetoka Malindi na Lamu, na nyingi zimezunguka jambo moja: wanasayansi wanajuaje jina fulani ni la kiumbe gani hasa, pale maelezo ya zamani yanapowafaa viumbe wawili au watatu?

Nafuga kaa koko kwenye vizimba huku hori ya Mida. Kijitabu kimoja kinasema *Scylla serrata* hustawi maji ya chumvi yakipungua. Kingine kinasema apenda maji ya bahari kamili. Jina ni lile lile. Nani mwongo? Na hilo neno "neotaipu" kwenye kijitabu cha pili ni mdudu gani? — Mfugaji, kusini ya Malindi

Hakuna mwongo. Yaelekea vijitabu vyako vinazungumzia kaa wawili tofauti waliopewa jina moja. Tazama kila kimoja kimeandikwa lini: kikiwa cha kabla ya 1998, au kimenakili utafiti wa Asia wa miaka hiyo, usikiamini mpaka ujue kaa aliyepimwa alitoka wapi.

Asili ya mkorogo ni hii. Kaa huyu alipewa jina na Peter Forsskål, mtaalamu wa mimea na wanyama aliyekuwa kwenye msafara wa Denmark uliokwenda Bahari ya Shamu na Yemen. Alifia Yemen mwaka 1763. Maandishi yake yalitolewa na mwenzake Carsten Niebuhr mwaka 1775, na humo kaa anaitwa *Cancer serratus*, kwa maelezo mafupi ya Kilatini. Mwili wa kaa wenyewe haukubaki. Na maelezo yale, ukiyasoma leo, yanamfaa kaa koko yeyote kuanzia Lamu hadi Ufilipino.

Basi kila mtu akalivuta jina upande wake. Mwaka 1949 Estampador, akifanya kazi Ufilipino, aliwagawa kaa hawa makundi manne, na jina *serrata* akampa kaa ambaye leo huitwa *olivacea*. Kaa wetu sisi, yule mkubwa, kwake akawa *oceanica*. Mwaka 1960 Stephenson na Campbell wakasema wote ni spishi moja. Kwa karibu miaka 40 baada ya hapo, tafiti nyingi za ukuaji, mayai, chakula na chumvi ziliandikwa kwa jina moja huku ndani ya beseni kukiwa na kaa mbalimbali.

Mwaka 1998 Keenan, Davie na Mann walilinganisha kaa wa Bahari ya Shamu na wa sehemu nyingi za Bahari ya Hindi na Pasifiki, kwa vipimo vya mwili na kwa vinasaba. Njia zote zikatoa jibu moja: spishi nne, yaani *serrata*, *olivacea*, *paramamosain* na *tranquebarica*. Lakini kujua ziko nne hakutoshi. Ipi kati ya nne ndiyo *serrata* ya Forsskål? Hapo ndipo neotaipu inapoingia: walichagua kaa mmoja wa Bahari ya Shamu, alikotoka yule wa kwanza, wakatangaza kwa maandishi kwamba kuanzia hapo jina *Scylla serrata* limefungwa kwenye mwili huo. Anayetaka kubisha hana budi kuulinganisha kaa wake na huo.

Kumtambua kizimbani si kazi kubwa. Mshike kaa kwa nyuma, umgeuze uso kwako. Kati ya macho kuna meno manne: kwa *serrata* ni marefu, kwa *olivacea* ni mafupi ya mviringo, kama yaliyosagwa. Kisha tazama kifundo cha gando, kile kiungo kilicho kabla tu ya kiganja. Upande wa nje *serrata* ana miiba miwili mikali. *Olivacea* hana miiba ya maana hapo, na *paramamosain* kwa kawaida ana mmoja hafifu. *Tranquebarica* ndiye msumbufu, kwa sababu naye ana miwili. Mtofautishe kwa meno ya usoni, ambayo kwake ni butu zaidi, na kwa michoro: *serrata* ana michoro ya pembe nyingi, kama wavu, kwenye miguu yote na magando, ilhali *tranquebarica* anayo wazi kwenye jozi mbili za nyuma tu. Usitegemee rangi ya gamba. Hubadilika kwa tope na kwa umri.

Kaa wa mikoko ya Mida na Lamu ni *serrata*, na huyo ni kaa wa misitu inayofikiwa na maji ya bahari kamili sehemu kubwa ya mwaka, ingawa huvumilia chumvi ikishuka masika. *Olivacea* ndiye wa sehemu ambazo chumvi hupungua sana wakati wa mvua. Fuata kijitabu cha pili.

Kama ni hivyo, kwa nini neotaipu isiwe kaa wa Lamu? Wetu ni wakubwa na ni wazima. — Mchuuzi wa kaa, Lamu

Ukubwa hauhesabiwi. Kanuni ya Kimataifa ya Majina ya Wanyama, toleo la nne linalotumika tangu Januari 1, 2000, inataka neotaipu itoke karibu iwezekanavyo na mahali alipopatikana wa kwanza. Jina lilizaliwa Bahari ya Shamu, kwa hiyo kaa wa Lamu hana haki nalo hata awe na kilo 2. Kuna sababu ya kivitendo pia: ikija kugundulika kesho kwamba kaa wa Bahari ya Shamu na wa Lamu wametofautiana, neotaipu ya Lamu ingelihamisha jina na kulipeleka lisikotoka.

Masharti mengine yanastahili kutajwa, maana hapa ndipo wengi huanguka. Mwandishi lazima aseme kwamba nia yake ni kuondoa utata uliopo. Neotaipu haiteuliwi kwa kupanga kabati la makumbusho vizuri. Aeleze sifa zinazomtenga kiumbe huyo na jamaa zake. Aitambulishe sampuli yenyewe kiasi kwamba mtu mwingine akifungua kabati aijue. Aoneshe inaafikiana na yote yanayojulikana kuhusu ile ya kwanza. Ataje taasisi inayoimiliki. Na aeleze kwa nini anaamini ya zamani imepotea, *na hatua alizochukua kuitafuta*. Hili la mwisho ndilo hufanywa kivivu. Kuandika "haikupatikana" hakutoshi. Inatakiwa isomeke makumbusho gani yaliulizwa na makusanyo gani yalipekuliwa. Kwa vitu vya Forsskål huwezi kukwepa Copenhagen, kwa sababu samaki wake kadhaa wamo humo hadi leo, ngozi zilizokaushwa na kubandikwa kwenye karatasi kama majani ya mti.

Kwa njia, Forsskål alipenda kuchukua majina ya Kiarabu ya wavuvi na kuyafanya ya kisayansi. Changu mnaowanunua sokoni, *Lethrinus harak* na *Lethrinus mahsena*, wanaitwa hivyo kwa sababu yake.

Holotaipu, sintaipu, lektotaipu, neotaipu: naomba tofauti kwa ufupi, nina mtihani. — Mwanafunzi, Malindi

Holotaipu ni sampuli moja iliyotajwa na mwandishi wa kwanza mwenyewe. Sintaipu ni kundi: mwandishi alikuwa na kadhaa na hakuchagua. Lektotaipu ni moja iliyochaguliwa baadaye *kutoka kundi hilo*. Neotaipu ni ya nje kabisa, huchaguliwa pale ambapo hakuna chochote kilichobaki. Ukumbuke mpaka kati ya mbili za mwisho, kwani ndio hutegwa kwenye mitihani: sintaipu hata moja ikiwa ipo, njia ni lektotaipu. Spishi za wanyama zinazotangazwa baada ya 1999 lazima zitajiwe holotaipu au sintaipu waziwazi, la sivyo jina halipo kisheria.

Mfano utakaokaa kichwani ni tembo. Linnaeus, mwanasayansi wa Uswidi, alimpa tembo wa Asia jina *Elephas maximus* mwaka 1758 akitegemea vitu kadhaa, kimojawapo kijusi cha tembo ndani ya spiriti, kilichoko Stockholm. Uchunguzi wa protini na vinasaba, uliochapishwa 2013, ulionesha kijusi kile ni cha tembo wa Afrika! Kingeteuliwa hicho, jina la tembo wa Asia lingehamia kwa tembo wetu wa Tsavo. Watafiti wakarudi kwenye maandishi ya Linnaeus, wakaona amemnukuu John Ray, mwanasayansi wa Uingereza, na Ray alikuwa ameeleza mifupa ya tembo aliyoiona Florence mwaka 1664. Mifupa ipo bado, na ni ya tembo wa Asia. Hiyo ndiyo lektotaipu.

Gombessa, yule samaki wa kale ("coelacanth"), aliyevuliwa nje ya Malindi mwaka 2001 alikuwa mzima, na yule wa kwanza wa Afrika Kusini alibaki ngozi tu. Hawawezi kubadilishana? — Mvuvi, Malindi

Hawawezi. Yule wa Desemba 1938 alioza kabla mtaalamu J.L.B. Smith hajamfikia, matumbo yakatupwa, lakini ndiye holotaipu ya *Latimeria chalumnae* na atabaki hivyo. Ubovu wa sampuli si sababu ya kuiondoa. Sampuli ikiwa mbovu kiasi cha kutotambulika kabisa, ombi hupelekwa kwa Tume ya Kimataifa ya Majina ya Wanyama, na Tume ndiyo yenye uwezo wa kuiweka kando. Mtafiti hajiamulii. Na sampuli yenye kasoro ina hatari yake: gombessa wa Komoro wa 1952 hakuwa na pezi la kwanza la mgongoni, Smith akampa jina jipya kabisa, *Malania anjouanae*. Lilikuwa jeraha tu.

Lazima kiumbe auawe ndipo apate jina? Sisi waislamu twaona ni israfu. — Msomaji, Pate

Si lazima, ila ukikosa mwili unakosa mengi. Mwaka 1988 ndege mmoja alionekana Bulo Burti, Somalia. Alikamatwa, akatunzwa, akarudishwa porini mwaka 1990, na mwaka 1991 akatangazwa kuwa spishi mpya, *Laniarius liberatus*, kwa manyoya, damu na picha. Mwaka 2008 vinasaba vilionesha hakuwa spishi mpya, bali rangi nyingine ya ndege anayejulikana. Kosa liligundulika *kwa sababu* vinasaba vyake vilihifadhiwa. Picha peke yake isingesema kitu.

Kipunji wa Tanzania alitangazwa mwaka 2005 kwa picha, holotaipu ikiwa ni tumbili yule aliye pichani. Baadaye mmoja alikutwa amekufa kwenye mtego wa mkulima, na ni mwili huo uliowezesha kumpa jenasi yake (kundi la spishi jamaa), *Rungwecebus*. Rai yetu: sampuli moja iliyohifadhiwa vizuri huokoa kumi za kukusanywa baadaye kwa mashaka.

Je, mikoko nayo? Twafundisha wanafunzi kuwa mchu ni *Avicennia marina*. — Mwalimu, Lamu

Endeleeni, ni sahihi, na jina hilo nalo chanzo chake ni Forsskål. Mimea ina kanuni yake na tofauti zake. Mkusanyaji mmoja hukata matawi kadhaa ya mti mmoja na kuyagawa, kwa hiyo holotaipu huwa na nakala, isotaipu, katika nchi nyingine. Hili liliokoa majina mengi ya Afrika Mashariki: usiku wa Machi 1, 1943 hifadhi ya mimea ya Berlin iliungua kwa mabomu, na humo zilikuwamo sampuli nyingi za enzi ya Wajerumani. Leo anayerekebisha jina la namna hiyo hutafuta nakala kwanza, Kew, Vienna, Nairobi na kwingineko. Akiipata, huiteua lektotaipu. Kwa mimea kuna pia epitaipu: lektotaipu ikiwa jani lisilo ua, au mchoro tu, huwekewa sampuli ya kuitegemeza.

Nikipata kaa nisiyemjua nimfanyeje asiharibike kabla ya kumpeleka makumbusho? — Mvuvi, Kizingitini

Usimtumbukize hai kwenye spiriti (ethanoli): atajikata magando na miguu, na kaa bila magando ni kazi bure. Mlaze kwenye barafu mpaka anyamaze kabisa. Mpige picha angali na rangi, juu, chini na usoni. Kata kipande cha nyama ya mguu mmoja wa nyuma, ukitie kwenye kichupa cha ethanoli ya asilimia 96 kwa ajili ya vinasaba. Mwili uweke kwenye ethanoli ya asilimia 70: mililita 730 za ile ya 96, ongeza maji safi hadi lita 1. Spiriti iwe mara tatu ya ujazo wa kaa, na uibadilishe baada ya siku moja au mbili, kwani maji ya mwilini mwake huizimua na nyama huoza ndani kwa ndani. Formalini usiitie kabla ya kutoa kipande cha vinasaba.

Lebo iingie *ndani* ya chupa, kwa penseli. Wino wa biro huyeyuka na kukuachia karatasi nyeupe. Andika mahali, tarehe, kina, chombo cha kuvulia na jina la kienyeji. Ukisoma latitudo na longitudo kwenye simu, chukua desimali nne za digrii. Desimali mbili pekee huweza kuacha kosa la kilomita 1 hivi, nalo kwenye mikono ya bahari ya Pate ni kisiwa kingine. Makumbusho ya Lamu au Malindi watakuelekeza njia ya kufikisha Nairobi, kwenye makusanyo ya utafiti. Anayekusanya kwa utafiti anahitaji kibali kwanza.

Na ile sampuli ya zamani ikija kupatikana? — Mwanafunzi yule yule, Malindi

Ugunduzi huo ukishachapishwa, neotaipu huanguka, na ya zamani hurudi kwenye kiti chake. Ikiwa kurudi huko kutavuruga jina lililokwisha zoeleka, mtafiti huiomba Tume iibakize neotaipu. Ombi likiwa mbele ya Tume, jina huendelea kutumika kama lilivyozoeleka mpaka Tume iamue.