Muulize Fundi: Tangi la choo tumelimwaga, mbona taa bado inasema limejaa?

SWALI: Shikamoo fundi. Mimi na mume wangu tunaishi kwenye gari-nyumba tulilolinunua limetumika, tumeegesha kwenye kambi ya magari hapa Arizona. Bomba letu limeungwa moja kwa moja na mfereji wa majitaka wa kambi, kwa hiyo koki ya tangi la choo tunaiacha wazi muda wote. Siku hizi kila jioni harufu inapanda, na taa inaonyesha tangi limejaa hata tukishamwaga. Jirani anasema tutie jiki na barafu. Tufanyeje? – Msomaji, Mesa

JIBU: Marahaba mwanangu. Jiki iweke mbali kabisa! Ikikutana na amonia ya mkojo hutoa hewa ya sumu inayochoma macho na kifua, na choo cha gari kilivyo kidogo, utaivuta yote. Halafu inaua bakteria wanaosaga kinyesi. Barafu haidhuru, ila haina kazi: inaelea juu, uchafu umeganda chini.

Sasa nenda ukafunge koki. Tatizo lenu limeanzia hapo. Koki ikiwa wazi, maji na mkojo hukimbilia mferejini, kinyesi na karatasi vinabaki chini ya tundu la choo vikijijenga kichuguu. Kwa joto la huko Mesa, kichuguu hicho hukauka kikawa kigumu. Ndicho kinachonuka.

Taa nayo isikutie wasiwasi. Kwenye ukuta wa tangi kuna visumari vya chuma vinavyopima kina cha maji. Karatasi na uchafu vikivigandia, taa huwaka hata tangi likiwa tupu. Mimi namulika tochi kupitia tundu la choo, sitegemei taa.

Kuking'oa hicho kichuguu kunataka maji na subira. Koki ikiwa imefungwa, jazeni tangi mpaka robo tatu, tieni dawa ya bakteria au vimeng'enya (enzaimu) vya kusaga uchafu kwa kipimo kilichoandikwa kwenye chupa, kisha acheni siku mbili tatu, nyinyi mkitumia choo cha kambi. Kama gari linatembea, lizungusheni taratibu ndani ya kambi ili maji yachape kuta. Halafu vaeni glavu, mvute koki yote kwa mara moja. Robo tatu ya tangi la galoni 40 ni zaidi ya kilo 110 za maji, na uzito huo ndio unaosukuma uchafu utoke. Fungeni pale mwanzo wa mpira wa kumwagia majitaka kiungo cha plastiki kinachoonyesha ndani, mrudie kujaza na kumwaga mpaka muone maji masafi yanapita. Mara moja haitoshi, msikate tamaa.

Dawa yenye fomaldehaidi, kemikali ya kuua vijidudu, msinunue. Kambi nyingi za mashambani humwaga kwenye shimo la septiki, na shimo linaishi kwa bakteria ambao dawa hiyo inawaua. Nimechimba mashimo ya septiki Tanga kabla ya kuja huku. Nayajua yakifa yanavyotapika uani kwa watu.

Baada ya hapo koki ibaki imefungwa hadi tangi lifike theluthi mbili. Mkimwaga, anzeni na la choo, kisha lile la sinki na bafu, ili maji ya sabuni yasuuze mpira. Tangi la choo likishakuwa tupu, fungeni koki, mtie galoni tatu au nne za maji humo kabla mtu yeyote hajalitumia. Na kila mkienda chooni, kanyageni pedali maji yaende ya kutosha. Ubahili wa maji ndio unaorudisha kichuguu. Mafuta ya sufuria yafuteni kwa karatasi kabla ya kuosha, maana hugandia tangi la sinki.

Hili nalisema kwa mkazo: mpira wa kusuuzia tangi usiguse kamwe bomba la maji ya kunywa. Nunueni wa rangi nyingine, muuhifadhi kwenye kabati lake.

Harufu ikiendelea, mwageni maji kwenye bakuli la choo. Yakishuka yenyewe, raba ya pale chini imechoka, ibadilisheni. Yakitulia, mume wako apande juu ya paa asubuhi kabla halijapata moto, atazame bomba la hewa la tangi. Mara nyingi limezibwa na kiota cha nyigu.