Ukitaka kusoma plasma, anza kwa fundi wa kuchomelea

Wiki iliyopita kijana mmoja wa mwaka wa pili alinitumia ujumbe. Anasoma fizikia, muhula huu wamepangiwa somo la plasma, na swali lake lilikuwa moja tu: "Kaka, hili somo watu wanalipitaje?" Nikamjibu kwa sauti ya dakika nne nikiwa kwenye daladala ya Nkuhungu, hapa Dodoma, abiria wa pembeni akinitazama kama nimechanganyikiwa. Baadaye nikaona bora niyaandike kabisa, maana mimi somo hilo lilinipa sapu, ule mtihani wa kurudia, na sababu yake naijua.

Nilikariri. "Plasma ni hali ya nne ya maada, gesi ambayo atomu zake zimepoteza elektroni." Sentensi hiyo si ya uongo, ila haikusaidii kitu. Mtihani ukaja na swali hili: ndani ya taa ya tyubu elektroni zina joto la nyuzi 11,000 hivi, mbona ukiishika haikuunguzi? Nikaandika fasili yangu, nikaipigia mstari kwa rula, nikageuza ukurasa.

Nyumbani nako hakukuwa na msaada. Shangazi aliposikia nasoma plasma alifurahi mno, akawatangazia majirani kwamba nitaajiriwa benki ya damu. Sikumlaumu. Majimaji ya damu nayo yanaitwa plasma, na Irving Langmuir, Mmarekani aliyelichukua neno hilo mwaka 1928 akaipa gesi yenye chaji, ndiye aliyetuachia mkanganyiko. Kiswahili kina neno utegili kwa ile ya damu, lakini hebu mwambie nesi "utegili" uone atakavyokutazama.

Likizo ile nilishinda kwa mjomba, Kizota, kwenye karakana yake ya mageti na grili. Kazi yangu ilikuwa kushika vyuma, kubandua magamba kwa nyundo na kupaka rangi. Siku moja akanipa holda, kile kishikio cha stiki ya kuchomelea, nijaribu. Nikaigusisha stiki kwenye chuma, ikanata. Nikaing'oa, nikaishika juu kidogo bila kugusa: kimya. Nikagusa tena, ikanata tena, mashine ikaanza kuguna. Vijana wakacheka.

"Usiigonge, mjomba," akaniambia. "Ikwaruze kama njiti ya kibiriti, halafu inyanyue kidogo. Ukiinyanyua sana inazima."

Ikawaka. Usiku ule nikafungua daftari nikapiga hesabu ambayo darasani hatukuwahi kuipiga. Hewa ya kawaida haipitishi umeme mpaka uisukume kwa takriban volti 3,000 kwa kila milimita. Mashine ya mjomba kabla ya kuwaka inatoa volti 70 hivi. Stiki ikikaa milimita moja juu ya chuma, nguvu inayotakiwa kuvunja hewa hiyo inaizidi mashine zaidi ya mara 40. Ndiyo ile kimya yangu. Ukiikwaruza, umeme wote unalazimika kupita kwenye ncha ndogo inayogusa; ncha inawaka, elektroni zinaanza kuchomoka kwenye chuma, na chuma chenyewe kidogo kinageuka mvuke. Ukiinyanyua hapo, kilichobaki katikati si hewa ile uliyoanza nayo. Ni elektroni huru na ioni, yaani atomu zilizopoteza elektroni, zimechanganyika, na mchanganyiko huo unapitisha ampea 100 kwa volti 20 na ushee tu.

Kuzima nako kuna hesabu yake. Elektroni zinazosukumwa na umeme zinazigonga atomu na kuzinyang'anya elektroni nyingine, wakati huohuo kuna elektroni zinazokutana na ioni zikarudiana, hesabu ikapungua. Plasma inadumu pale tu zinazozaliwa zinapolingana na zinazopotea. Ukiinyanyua stiki mno, zinazopotea zinashinda. Mjomba hajawahi kutamka neno "ioni" maishani mwake, lakini mkono wake unaujua mpaka huo kwa milimita.

Kwa hiyo kabla hujanunua kitabu chochote, tafuta karakana, omba uangalie nusu siku, na uombe kukwaruza stiki mara tano. Dodoma hii ya ujenzi hukosi fundi.

Ila vaa kioo. Nasema hivi kwa sababu siku ya tatu nilijifanya mjanja, nikatumia miwani ya jua ya kununua kwa machinga. Jioni nilikuwa mzima. Saa nane usiku nikaamka kama mtu aliyemwagiwa mchanga wa Bahi machoni, machozi yanatiririka, siwezi hata kutazama mwanga wa simu. Joto la ule moto linakaribia au kupita la uso wa jua, nyuzi 5,500 hivi, na plasma yenye joto la namna hiyo inatoa mionzi mingi ya urujuanimno ambayo jicho halioni ila inaunguza ngozi yake ya mbele. Miwani ile ilikuwa nyeusi tu. Kioo cha fundi kina namba, 10 au 11 kwa kazi ya kawaida, na ukikuta karakana ambayo hakuna anayejua namba ya kioo chake, tazama ukiwa mbali.

Sasa turudi kwenye ile tyubu. Jibu nililolikosa ni hili: joto na kuunguza ni vitu viwili. Ndani ya tyubu kuna gesi kidogo sana na mvuke wa zebaki. Umeme unazisukuma elektroni kwa sababu ndizo nyepesi. Atomu moja ya zebaki ina uzito wa elektroni zaidi ya 360,000. Rusha gololi kwenye lori lililoegeshwa: gololi inadunda na kasi yake karibu yote, lori halina habari. Hivyo elektroni zinabaki na nyuzi zao 11,000, zebaki inabaki karibu na joto la chumba, na kioo unachokishika kinapata vuguvugu tu. Mara mojamoja elektroni yenye nguvu ya kutosha inaichangamsha atomu ya zebaki, nayo inatoa urujuanimno, na ile rangi nyeupe iliyopakwa ndani ya kioo inaubadilisha kuwa mwanga wa kusomea. Kwenye stiki ya mjomba, gesi imesongamana kiasi kwamba elektroni zinagongana na atomu mara nyingi mno mpaka wote wanafikia joto moja. Ndiyo maana plasma moja inayeyusha chuma na nyingine tunaifunga darasani juu ya vichwa vya watoto.

Ukishaelewa hilo, swali la kuuliza mbele ya plasma yoyote si "ina joto gani" peke yake. Uliza pia elektroni ni ngapi kwa kila mita ya ujazo, na joto ni la nani. Namba hizo mbili, joto la elektroni na wingi wake, zinakupa karibu kila kitu kingine. Mimi nilizibandika ukutani kwa mkanda.

Kitu cha kwanza zinachokupa ni urefu wa Debye, ambao ulinisumbua kuliko vyote. Fikiria gari la mgeni limeingia kijijini. Watoto wanalizunguka, na aliye nyumba ya kumi haoni gari, anaona watoto tu. Ukiingiza chaji chanya katika plasma, elektroni zinaikimbilia na kuizunguka, na nje ya duara hilo hakuna anayehisi kuwa kuna chaji. Upana wa duara ndio urefu wa Debye. Chukua joto la elektroni katika elektroni-volti (moja ni karibu nyuzi 11,600), gawanya kwa wingi wake, tafuta kipeuo cha pili, zidisha kwa 7,430, unapata mita. Kwa tyubu yenye joto la elektroni-volti 1 na elektroni 10 kwa kipeo cha 17 kwa kila mita ya ujazo, jibu ni kama sehemu mbili za mia za milimita. Duara hilo ni dogo kabisa kulinganisha na tyubu yenyewe, kwa hiyo ndani ya tyubu kwa ujumla chanya na hasi zinalingana. Gesi ambayo duara lake ni kubwa kuliko chombo chake, hata kama ina elektroni huru, haijawa plasma. Fasili yangu ya mtihani haikuwa na hilo.

Cha pili ni masafa ya plasma, na hapa mwalimu wangu ni redio ya mkulima ya marehemu babu, Mpwapwa. Mchana kituo cha ndani tu. Usiku, kwenye masafa mafupi na ya kati, zinaingia nchi ambazo hata lugha zake hatuzijui. Juu yetu, kuanzia kilomita kama 60 kwenda juu, mwanga wa jua unazing'oa elektroni za hewa nyembamba, tunapata tabaka la plasma lisilohitaji mashine. Zidisha kipeuo cha pili cha wingi wa elektroni kwa 9, unapata, kwa hezi, masafa ambayo chini yake wimbi likirushwa wima linarudishwa. Elektroni 10 kwa kipeo cha 12 zinakupa megahezi 9. FM iko kwenye 88 mpaka 108, kwa hiyo inatoboa na kwenda zake angani. Ndiyo maana ukitoka mjini kuelekea Kondoa kituo unachokipenda kinafifia. Ile tofauti ya usiku inatokana na tabaka la chini, linalomeza mawimbi mchana, kutoweka jua likizama. Piga hesabu mwenyewe: ili kurudisha FM tabaka lingehitaji elektroni mara mia.

Mjomba baadaye akanunua mashine mpya ndogo ya inverta, akaanza kulalamika kwamba akifika konani "moto unatoroka", unapinda pembeni kama mshumaa kwenye upepo. Mashine yake ya zamani haikuwa hivyo. Nilifurahi kama mtoto, kwa sababu sura nzima ya kitabu ilikuwa mezani. Mpya inatoa umeme wa mkondo mmoja, mkondo huo unatengeneza uga wa sumaku, na uga ukisongamana kwenye kona ya chuma unaisukuma plasma. Ile ya zamani ilikuwa ya umeme unaokwenda na kurudi mara 50 kwa sekunde, sumaku haipati nafasi ya kuelemea upande mmoja. Tulihamisha athi, ile klipu ya kurudishia umeme, upande wa pili na kufupisha moto, ukatulia.

Sumaku hiyohiyo iliyomkera mjomba ndiyo wanayoitegemea watu wa muungano wa nyuklia, wanaounganisha viini vya atomu ili kupata nishati. Plasma yenye nyuzi zaidi ya milioni 100 huwezi kuiweka kwenye sufuria, kwa hiyo wanaizungusha ndani ya tokamak, chombo cha umbo la tyubu ya tairi, wakiizuia isiguse kuta kwa uga wa sumaku. Hapa ushauri wangu ni mfupi: ukisoma habari za "nishati isiyoisha", badilisha namba ziwe uniti za LUKU. Mwaka 2023 mashine ya JET, Culham, Uingereza, ilitoa juli milioni 69 kwa sekunde 5 hivi. Uniti moja ni juli milioni 3.6. Unapata uniti 19, tena za joto, bado hazijawa umeme. Ni kazi kubwa ya kisayansi, fueli yake ilikuwa miligramu 0.2 tu, lakini ukiijua kwa uniti hakuna atakayekuuzia hisa za ajabu WhatsApp.

Mwezi uliopita mjomba alinipigia, anataka mashine ya kukatia ya plasma. Nilimwambia anunue. Kukata kwa gesi kunategemea chuma chenyewe kuungua katika oksijeni, ndiyo maana kunashindwa stenlesi. Plasma haijali, mradi kitu kinapitisha umeme. Nikamsisitiza aweke chujio la maji kwenye kompresa, unyevu unamaliza ncha haraka.

"Inakula uniti ngapi?"

Kama 5 kwa saa ya kukata mfululizo, nikamjibu. Kisha nikamhadithia zile 19 za Uingereza. Akanyamaza kidogo, nadhani alikuwa anagawanya.

"Si ni karibu saa nne za kukata hizo? Waambie wazilete Kizota."

Sapu nilifaulu.