Usimimine unga wa haradali kwenye siki inayochemka

Mkuu zima jiko kwanza, ndipo uendelee kusoma. Umesema unapika sosi ya haradali ya kupaka nyama ya kuchoma, siki na sukari tayari zinatokota, kopo la unga wa haradali liko mkononi, na unataka kumimina kikombe kizima kwa sababu maelekezo ya video uliyoifuata yanasema "haradali kikombe kimoja" nawe umekosa ile laini ya chupa. Ukaongeza maswali ya asali badala ya sukari na ya nyama ipi inaifaa sosi hii. Hayo yatasubiri. Ukimimina huo unga sasa hivi utapata sosi chungu kama shubiri, isiyowasha hata chembe, na sukari yote iliyomo ndani ya nyumba haitaiokoa. Usiniulize najuaje.

Unga mkavu wa haradali hauna ukali. Weka kidogo ulimini uone: mwanzoni ni unga tu, halafu ukishalowa mate ndipo unaanza kukung'ata. Ndani ya mbegu kuna vitu viwili vinavyoishi vyumba tofauti. Kimoja ni kemikali tulivu isiyowasha, kingine ni kimeng'enya kinachoitwa mirosinasi. Mbegu ikisagwa na kupata maji, viwili hivyo vinakutana, kimeng'enya kinaivunja ile kemikali, na hapo ndipo ule ukali unazaliwa. Kwa hiyo hukununua ukali kwenye kopo. Umenunua malighafi, na ukali unatengenezwa na wewe mwenyewe kwenye bakuli, kwa maji na kwa muda.

Sasa angalia unachotaka kukifanyia hicho kimeng'enya. Joto kali linakiua kimeng'enya kabla hakijaanza kazi. Siki nayo, hata ikiwa baridi, inakibana kisifanye kazi sawasawa. Wewe unakipelekea vyote viwili kwa mpigo, siki na inayochemka. Ukali hauzaliwi, unabaki na uchungu wa unga mbichi. Halafu kinachofuata nakijua: utaonja, utakunja uso, utaongeza sukari. Utaonja tena, utaongeza asali. Mwisho una shira ya njano yenye uchungu kwa chini, na ukiipaka kwenye nyama juu ya mkaa inaungua na kuwa nyeusi kabla nyama haijapata hata rangi. Kosa moja la mwanzo linazaa matatu mbele yake, na kila moja linakula viungo vya fedha.

Ninaowachukia ni hawa mabingwa wa video. Huyo uliyemfuata namjua kwa aina yake, wako wengi: jiko linang'aa, kisu cha bei mbaya, anasema kwa furaha "ukikosa ya chupa tumia ya unga, kiasi kile kile", anamimina kwenye siki inayofuka, anakoroga mara tatu, na picha inakatwa. Umemwona akilamba kijiko? Humuoni kamwe! Inakuja picha ya nyama imeshapakwa, na mimi nina hakika kilichopakwa pale kilitoka kwenye chupa. Mtu asiyeonja mbele yako usimwamini kwa chakula.

Na hilo la "kiasi kile kile" ni msiba wake peke yake. Sosi hii asili yake ni South Carolina, Marekani, hasa ukanda wa kati kuzunguka mji wa Columbia, na wenyewe huihusisha na walowezi wa Kijerumani wa karne ya 18. Maelekezo ya kule yakisema haradali ya njano, yanamaanisha ile laini iliyokwisha tengenezwa, yenye maji, siki, chumvi na manjano ndani yake. Vipimo vyote vya siki na chumvi vimepangwa kwa kuhesabu hivyo. Ukitaka ukali tu ulingane, kanuni ya jikoni ni kijiko kimoja cha chai cha unga mahali pa kijiko kimoja cha chakula cha ile laini, yaani theluthi. Lakini hapa haradali ndiyo mwili wa sosi, ukiweka theluthi tu inakuwa majimaji na kudondoka yote kwenye mkaa. Weka nusu ya kikombe, kama gramu 50. Kikombe kizima kitawatoa watu nje ya nyumba.

Fanya hivi. Gramu 50 za unga wa haradali ya njano, kijiko kimoja cha chai cha chumvi, nusu kijiko cha chai cha manjano, kwenye bakuli la kioo au la kauri. Ongeza ml 120 za maji BARIDI, kidogo kidogo, ukiponda mabonge kwa uma. Maji ya bomba yanatosha, hayahitaji barafu. Koroga mpaka idondoke taratibu kutoka kwenye uma, kisha iache. Dakika 10 hadi 15, usiguse. Ukiionja mara tu baada ya kuchanganya husikii ukali. Ukiionja dakika ya kumi, kidogo sana, inakung'ata ulimi. Hiyo ndiyo dalili yako, kimeng'enya kimefanya kazi. Itakuwa na uchungu kiasi bado, huo ni wa kawaida na utapungua ikikaa.

Usiisahau hapo saa nzima lakini, maana ukali ukishafika kileleni huanza kushuka wenyewe. Ikifika dakika 15 ongeza vijiko viwili vya chakula vya siki ya tufaha, baridi. Hapo siki inageuka rafiki: ile ile ambayo ingeuzuia ukali usizaliwe, sasa inaushikilia usipotee. Kitu kimoja, zamu tofauti, matokeo kinyume kabisa. Ukishika hili tu, mengine yote ni mapambo: MAJI BARIDI KWANZA, SIKI BAADAYE, MOTO MWISHO.

Wakati bakuli limepumzika ndipo unashughulikia sufuria. Tumia ya stenlesi, maana siki na alumini tupu haviivi pamoja, sosi inapata ladha ya chuma. Siki ya tufaha ml 120, sukari ya kahawia gramu 100, asali vijiko viwili vya chakula, pilipili manga iliyosagwa kubwa kubwa kijiko cha chai, kitunguu saumu cha unga kijiko cha chai, pilipili kali ya unga robo kijiko cha chai, sosi ya Worcestershire (ile nyeusi na nyepesi ya chupa) kijiko cha chai. Moto mdogo, dakika tano hadi nane, sukari iyeyuke na vyote vishikane kidogo. Usiinamie sufuria, mvuke wa siki unakaba koo. Chumvi nyingine usiweke, kwenye bakuli ipo.

Epua. Subiri ipoe mpaka kidole kikae ndani bila kukurupuka. Hapo ndipo unamimina haradali ya bakuli kwenye sufuria, huku unakoroga. Ukipenda ing'ae, tupia kipande cha siagi cha gramu 15 wakati bado ina uvuguvugu. Unapata kama ml 350.

Itakuwa kali kuliko ya chupa, tena kwa mbali. Kwenye friji mpaka kesho yake inatulia, uchungu unaondoka na pilipili manga inatoa harufu. Ukishindwa kusubiri, rudisha kwenye moto mdogo kabisa dakika kumi, bila kuchemka, na ukali utashuka mpaka unapopataka. Hapa ndipo watu wanapobishana nami: "si ulisema moto mbaya?" Nilisema moto kabla. Moto baada ya ukali kuzaliwa unaupunguza tu, na wewe ndiye unayeamua kiasi. Moto kabla unaua mzazi.

Kama ulishamimina kabla ya kunisoma, basi pole, na bado usiongeze sukari. Chumvi inapunguza uchungu kuliko sukari, anza na robo kijiko cha chai. Siagi nayo inausawazisha. Kisha tengeneza haradali mpya pembeni: kijiko kimoja cha chakula cha unga, kijiko kimoja na nusu cha maji baridi, dakika 15, uikorogee kwenye hiyo sosi ikishapoa. Utarudisha ukali. Uchungu hautaisha wote, ila kwenye nyama yenye mafuta mengi watu hawatausikia sana. Wakiusikia waambie ndiyo mapishi ya kisasa.

Kuhusu asali badala ya sukari yote, inawezekana, ila ujue inaungua mapema. Sukari ya kawaida huanza kugeuka rangi karibu nyuzi 160, ile iliyojaa kwenye asali huanza karibu 110 tu. Juu ya mkaa tofauti hiyo ni ya dakika chache kati ya kahawia na nyeusi. Kwa vyovyote, iwe sukari au asali, sosi hii haipakwi mwanzoni. Nyama ikaribie kuiva kwanza na chumvi na pilipili manga yake. Dakika kumi za mwisho ndipo upake, ugeuze, upake tena, mbali na ndimi za moto. Toa sosi ya kupakia kwenye bakuli dogo, na itakayobaki humo uitupe, brashi imegusa nyama ambayo bado haijaiva vizuri. Ya mezani usiichovye brashi kabisa.

Nyama yake ya asili ni bega la nguruwe lililopikwa polepole mpaka katikati lifike nyuzi 93 hivi na kuchambuka kwa uma. Hiyo haipakwi, inachanganywa na sosi ikishachambuliwa, na sosi ilegezwe kwanza kwa siki kidogo iweze kupenya. Kuku pia inampenda sana.

Manjano yakidondokea shati, usikimbilie sabuni. Doa litageuka jekundu na mkeo au mumeo atadhani umejikata.

Halafu geuza hilo kopo lako usome viungo, uniambie. Kuna unga unaochanganywa na ngano. Huo ukali wake ni mdogo, na ukiupasha unaganda na kushika mabonge, kwa hiyo upashe kwa moto mdogo zaidi na usiache kukoroga. Angalia pia kama ni mbegu ya njano au ya kahawia. Ya njano inauma ulimini na kubaki hapo, ya kahawia inapanda puani moja kwa moja. Kama ni ya kahawia, anza na gramu 30 badala ya 50, na dirisha liwe wazi.