Aliyezaa Wawili Si "Kama Mama"

SWALI: Mwalimu, salamu nyingi. Sisi ni wanawake sita wa Mji wa Kale tunaokutana kila Jumamosi baada ya alasiri kusoma vitabu vya watu wanaopenda wa jinsia yao, watu waliosukumwa pembeni katika jamii zao, hapa kwetu na ng'ambo, kisha kila mmoja huandika ukurasa wa Kiswahili kuhusu alichosoma. Wiki iliyopita niliandika kwamba mshairi wa Marekani, Audre Lorde, "alijitambulisha kama mweusi, kama shoga, kama mama na kama mshairi". Mwenzangu akaangua kicheko, akasema mwanamke hawezi kuwa shoga ila wa mwanamke mwenziwe. Nani kati yetu ana haki? Na lile neno refu la Kiingereza la ubaguzi wa aina nyingi unaomkuta mtu mmoja, intersectionality, tuliite makutano, mwingiliano au njia panda? – Msomaji, Kibokoni.

JIBU: Mwenzako ana haki, ila amelicheka neno lisilostahili kuchekwa peke yake.

Shoga, kwetu Mombasa, ni rafiki wa kike wa mwanamke. Bibi zetu walipelekeana sahani za visheti kwa jina hilo, na hata leo ukipita Marikiti utawasikia wanawake wakiitana shoga pasipo mtu kugeuza shingo. Maana ya pili, ya mwanamume anayependa wanaume wenziwe, nayo imo kamusini na ni ya zamani, wala haikuletwa na televisheni. Lorde hakuwa mwanamume, kwa hiyo hiyo ya pili haimpati. Ya kwanza nadhani ingemfurahisha, kwani alipochapisha kitabu cha maisha yake mwaka 1982 alikiita Zami, neno la kisiwa cha Carriacou, huko Karibi, alikotoka mamake, ambalo huwataja wanawake wanaofanya kazi pamoja wakiwa marafiki na wapenzi. Lakini wewe una ukurasa mmoja tu, na wasomaji wako hawatafika Carriacou bila ya kushikwa mkono. Neno ambalo watu humwitia mwanamke wa namna hiyo, msagaji, limetokana na kusaga na kwetu halitamkwi ila kwa dharau. Andika "mwanamke anayependa wanawake", maneno matatu yasiyomchoma mtu. Na tafadhali usiandike "watu wa jinsia moja", kwa sababu sisi wazee wanne tunaocheza dhumna barazani kila jioni ni watu wa jinsia moja, na hakuna aliyetuandikia kitabu.

Sasa tuje kwenye maradhi yenyewe. Katika sentensi moja umeandika "kama" mara nne, na mwenzako, mwenye sikio la kulinasa shoga likiwa mahali si pake, hakuisikia hata moja. Simlaumu. Siku hizi "kama" imejaa katika Kiswahili chetu mfano wa mchanga katika wali, na aliyezoea kutafuna mchanga hajui tena kwamba wali una ladha nyingine.

Neno lenyewe tulilipata kwa Waarabu, nasi tukalipa kazi za kutosha: kufananisha, kuweka sharti, kukadiria, na kuuliza jambo usilolijua. Kwa hiyo twasema mtoto ana mbio kama paa, kama mvua itanyesha hatutoki, walikuja watu kama ishirini, na sijui kama feri imeondoka. Hakuna hata moja kati ya kazi hizo inayosema kwamba kitu hiki ndicho. Anayefananishwa na paa si paa. Chupa ya soda ukiisukumia chapati, imetumika kama kifimbo, na sentensi ni sahihi kabisa kwa sababu chupa ile haikuwa kifimbo jana na haitakuwa kifimbo kesho. "Kama" huhitaji vitu viwili na pengo kati yao, na pengo likizibika haina kazi tena.

Nikupe mfano ninaoupenda, ambao wanafunzi wangu wa zamani wataukimbia wakiuona unakuja. Mara kwa mara husomwa katika taarifa ya habari kwamba mwanamume mmoja aliyejitambulisha kama afisa wa polisi amewatapeli wakazi wa mtaa fulani. Hapo "kama" imekaa pake, nami humpongeza msomaji wa habari nikiwa kitini mwangu, kwa kuwa bwana yule hakuwa afisa wa chochote. Alikuwa na kofia, alikuwa na buti, alikuwa na ukali wa sauti na karatasi yenye muhuri, na vyote hivyo vikijumlishwa vilizaa mfano wa afisa. Sasa mchukue Audre Lorde umtie katika sentensi ile ile, kwa kitenzi kile kile na kiungo kile kile. Tapeli alijitambulisha kama afisa. Lorde alijitambulisha kama mama. Msomaji wa Kiswahili asiyejua kitu kuhusu mwanamke huyo ana haki ya kuuliza alikamatwa lini.

Ilhali Lorde alizaa watoto wawili, wa kike na wa kiume. Uchungu ule haukuwa mfano wa uchungu. Tunaye mtu ambaye Kiswahili humwita "kama mama", naye ni shangazi au mama wa kambo aliyemlea mtoto asiye wake kwa mapenzi mpaka akasimama. Kwake neno hilo ni sifa kubwa, kwa sababu tunakiri kwamba palikuwa na pengo naye akalivuka. Mzazi mwenyewe hana pengo la kuvuka. Ukiwa na shaka na maneno yangu, leo usiku mtazame mama yako machoni umwambie, "Wewe ni kama mama yangu," kisha ungoje uone kama utawekewa sahani.

Ningeweza kulivumilia kosa hili katika ripoti ya mauzo ya saruji. Katika vitabu mnavyosoma ninyi ni vigumu, kwani vimeandikwa na watu walioambiwa maisha yao yote kwamba wanaiga: huyu si mwanamume hasa, yule si Mwafrika kamili, huyu amefuata mtindo wa watu wa nje. Mwandishi anachukua miaka na kurasa mia tatu kujibu kwamba yeye ndiye, haigizi; halafu sisi tunamfasiri kwa neno la mwigo na kumrudisha alikotoka. Mwaka 2014 Binyavanga Wainaina, mwandishi mzaliwa wa Nakuru, alichapisha insha aliyomwandikia mamake aliyekuwa amekwisha kufariki, akimweleza kwamba yeye ni mwanamume anayependa wanaume. Niliona mahali wameeleza kwa Kiswahili kwamba siku hiyo "alijitokeza kama" mtu wa namna hiyo, utadhani ni kinyago kilichotokezea ngomani. Insha yenyewe ilisema kwa Kiingereza neno fupi kabisa, ambalo kwetu ni "ni". Ni herufi mbili tu, lakini yaliyobaki yote yamezishikilia hizo. Mtu anaweza kukubaliana na Binyavanga au asikubaliane naye, na najua Mombasa wengi hawakubaliani. Lakini hata anayempinga ampinge kwa alichosema.

Swali lako la pili nalijibu kwa ufupi, ingawa naona nalo limeumwa na nyoka yule yule. Njia panda hapana: mtu aliye njia panda hajui ashike ipi, na watu unaowasoma hawakuwa na njia ya kuchagua. Mwingiliano ni neno zuri la mchuzi, viungo vinapoingiana hata usijue bizari ilikoishia. Makutano ndilo, na mwenye wazo angelikubali, kwa kuwa Kimberlé Crenshaw, mwanasheria wa Marekani aliyelitunga neno la Kiingereza mwaka 1989, alilitolea mfano wa makutano ya barabara, ambapo magari hutoka kila upande na aliyesimama katikati huweza kugongwa na lolote au na yote. Aliyewahi kuvuka barabara pale Saba Saba, hapa Mombasa, saa kumi na moja jioni, matatu huku na tuktuk kule, hahitaji mhadhara.

Tazama lakini kilichomfanya Crenshaw aandike. Wanawake watano weusi waliishtaki kampuni ya magari ya General Motors kwa kuwabagua, na uamuzi ukatoka mwaka 1976. Mahakama ikaona kwamba kampuni iliajiri wanawake tangu zamani, ijapokuwa walikuwa weupe, kwa hiyo hapakuwa na ubaguzi wa jinsia. Kwa upande wa rangi ikawaelekeza wajiunge na kesi nyingine. Na kuyaunganisha madai mawili ikakataa. Walibaguliwa vipi basi? Mwanagazeti wa leo ataandika kwamba walibaguliwa "kama wanawake na kama weusi", na papo hapo atakuwa amefanya yale yale ya mahakama: "kama" moja kwa jinsia, "kama" nyingine kwa rangi, na mwanamke mwenyewe amepasuliwa katikati mfano wa nazi. Isitoshe, aliyebaguliwa kama mwanamke anaweza kuwa mwanamume aliyetendewa wanayotendewa wanawake. Kiswahili kina "kwa kuwa": walibaguliwa kwa kuwa ni wanawake weusi. Sababu ni moja na watu ni wale wale, wala hapana pengo.

James Baldwin, mwandishi wa Marekani ambaye bila shaka mtamfikia kama hamjamfikia, aliona uzito wa jambo hili kabla ya neno kupatikana. Riwaya yake ya mwaka 1956, Giovanni's Room, inasimuliwa na Mmarekani mweupe aliyempenda mwanamume mwenziwe huko Paris, ilhali Baldwin alikuwa mweusi wa Harlem, mtaa wa New York. Na baadaye alieleza kwamba wakati ule asingeweza kuibeba mizigo yote miwili, wa rangi na huo mwingine, ndani ya kitabu kimoja. Kama mwanamume anayependa wanaume? Kama mweusi? La, kwa kuwa alikuwa yote mawili kwa mara moja, shingo moja ikashindwa.

Najua nashindwa nami. "Anafanya kazi kama mwalimu" nimeacha kuisahihisha tangu nilipoisikia kwa mjukuu wangu, na siku moja, Mungu anisamehe, kwangu mwenyewe. "Alichaguliwa kama mwenyekiti" bado hunitoa barazani, japo si mbali. Lakini pale mtu anapotaja jina lake na hali yake kwa kinywa chake, hapo sitasogea hata shubiri.

Andika hivi: "Audre Lorde alisema yeye ni mweusi, ni mwanamke anayependa wanawake, ni mama, ni mpiganaji, ni mshairi." Mpiganaji ulimsahau, naye Lorde alikuwa na desturi ya kumtaja. Na umsalimie shoga yako. Jumamosi ijayo akiiona "kama" yoyote kwenye ukurasa wako, acheke vile vile.