Barua kwa mwanangu: hekalu la uani kwa mwenye nyumba wako ni la nani

Mwanangu,

Ujumbe wako niliupata juzi usiku nikausoma mara mbili, mpaka mama yako akaniuliza kulikoni mbona umenyamaza hivyo, nikamwambia huyu mtoto kauliza swali zuri. Yani kwa kifupi unasema hiyo familia uliyopanga kwao hapo Pune, India, wana hekalu la Krishna, mungu wa Wahindu, uani, jioni mtaa mzima unaingia kusali na hafukuzwi mtu, sasa mpwa wa mwenye nyumba anataka kuuza kiwanja na majirani wamekuja juu, hekalu ni la umma haliuzwi. Na wewe unauliza, kama kila mtu anaingia si lishakuwa la umma hilo?

Hapana mwanangu, bado. Usiangalie nani anaingia, angalia anaingia kwa haki yake au kwa hisani ya mwenye mji. Mtu akipita kwetu Tanga akakuta futari akakaribishwa akala, kesho akarudi, hata akirudi miaka kumi, hajapata fungu kwenye nyumba yetu. Mwaka 1939 Privy Council ya London, mahakama ya mwisho ya rufaa ya makoloni ya Mwingereza, hiyohiyo iliyokuwa inasikiliza na rufaa zetu huku Afrika Mashariki, ilisema karibu hivyohivyo kwenye kesi ya Bhagwan Din, kwamba si desturi ya Wahindu kumrudisha mlangoni mtu aliyekuja kuabudu, kwahiyo kuwaachia watu waingie peke yake si ushahidi kwamba familia imetoa mali yake. Mi naona walisema kweli, maana ingekuwa ukarimu unakunyang'anya nyumba basi kila mtu angefunga mlango.

Nilipokuwa nasoma hukohuko nilipanga kwa bibi mmoja, hekalu lake lilikuwa chini ya ngazi, sanamu ya shaba urefu wa kiganja tu. Asubuhi anaiogesha kwa maziwa, anaifuta, anaivalisha kitambaa kipya, mafuta ya kuwashia taa ya ibada ananunua kwa hela yake, sanduku la sadaka hakuna. Majirani walikuwa wanakuja, ila ikifika saa sita mchana anachomoa funguo kiunoni kwenye sari anafunga geti na hakuna hata mmoja aliyewahi kuuliza kwanini unafunga. Siku anahama alimfunga mungu wake kwenye shali akaondoka naye. Hilo ndo hekalu la binafsi, hata mahakama isingekuwa na la kubishana.

Sasa tafuta usome kesi ya Deoki Nandan na Murlidhar, Mahakama ya Juu ya India, 1956, ndo mama wa kesi zote hizi. Kulikuwa na mzee kijiji cha Bhadesia, wilaya ya Sitapur, ana wake wawili na hana mtoto, akajenga hekalu la Radha na Krishna halafu mwaka 1919 akaandika wosia kuliachia mashamba. Alipofariki akasimamia mjane wake, na mjane naye alipofariki mpwa wa mzee akawa anaendesha kama mali yake (unaona, na huko ni mpwa!). Mahakama za chini zote zikasema ni la familia. Mahakama ya Juu ikapindua. Majaji wakauliza hivi, anayefaidika na hekalu ni nani hasa? Si sanamu, sanamu haili wala hailali, anayefaidika ni mwenye kuabudu, basi ukijua waabudu waliokusudiwa ni akina nani umeshamaliza kesi. Wakaangalia, sanamu haikuwekwa ndani ya nyumba ya kuishi, ilikuwa na jengo lake na imesimikwa kabisa pale kwa ibada ya kuiweka rasmi, usimamizi mzee aliuachia kamati na si wote walikuwa ndugu zake, na mtu asiyekuwa na mtoto angejengea familia ipi hekalu lote hilo?

Ila usikariri kwamba jengo ndo linaamua. Nathdwara kule Rajasthan hekalu la mungu aitwaye Shrinathji limejengwa kama jumba la kuishi, na kiongozi wake alishikilia kwamba ni nyumba yake, mungu wake. Mwaka 1963 mahakama ikamkatalia, sura ya jumba inatokana na mafundisho ya madhehebu yao, na mtawala wa Udaipur alishaandika tangu 1934 kwamba kiongozi huyo ni msimamizi na mdhamini tu. Sisi wa pwani tunalielewa hili, kuna wakfu wa watoto na kuna wakfu wa msikiti, na mutawalii, yule msimamizi wa wakfu, hata akae nao miaka hamsini hawi mwenyewe.

Unaweza kusema baba haya ni maneno ya makaratasi. Siyo. Hapo kwenye jimbo lenu la Maharashtra likiwa la umma linaandikishwa kwa Kamishna wa Hisani, ofisa wa serikali anayesimamia mali za sadaka na wakfu, chini ya sheria ya 1950, hesabu zinakaguliwa, na ardhi haiuzwi bila kibali chake. Na kuna hili linaloniuma zaidi, mlango. Katiba ya India kifungu cha 25 inaruhusu sheria ya kufungua mahekalu yenye sura ya umma kwa Wahindu wa tabaka zote, ya umma tu. Hicho kilima cha Parvati unachokiona kutoka chuoni, mwaka 1929 Wadalit, wale waliohesabiwa wa chini kabisa katika matabaka, walifanya satyagraha, yaani mgomo wa amani, pale kutaka tu kuingia kusali. Kwahiyo ukimsikia mtu anasema hili ni letu la ukoo, muulize kwanza anamlinda bibi na shaba yake au anataka kumfungia mtu nje.

Kuhusu huyo mpwa, hata ikithibitika ni la familia asifurahi mapema. Kama kiwanja kilishatolewa kwa jina la mungu wa pale, sheria ya kule inamhesabu huyo mungu ni mtu mwenye mali yake, na msimamizi hauzi anavyojisikia.

Wewe usiingie kwenye ugomvi wao, ni mpangaji tu. Ila muulize mama mwenye nyumba taratibu, mkiwa jikoni, nani alilijenga na aliandika nini, kiwanja kipo kwa jina la nani, hela za sandukuni zinakwenda wapi, na je kuna siku walifunga majirani wakalalamika au wakarudi zao kimya. Hilo la mwisho ndo nalisubiri zaidi, niandikie hata usiku.

Baba yako